Binti wa Ringo

Mtu wa Kolwezi akikaa kutazama La légion saute sur Kolwezi, kinachomsumbua kwanza si milio ya risasi. Ni miti. Mji wetu umekaa juu, mita 1,400 na ushei kutoka usawa wa bahari, kwenye udongo mwekundu na misitu ya miombo. Mwezi wa tano mvua huwa imekwisha, nyasi zimeanza kukauka, na asubuhi watoto huenda shule wamevaa masweta. Msitu wa kwenye filamu ni wa nchi nyingine kabisa. Na kweli ni wa nchi nyingine: mwongozaji Raoul Coutard aliipiga Guyana ya Wafaransa, Amerika ya Kusini, ng'ambo ya Atlantiki. Humo ndani hamna hata kokoto moja ya Kolwezi.

Filamu ilitoka Januari 1980, wakati mambo inayoyasimulia hayajatimiza hata miaka miwili. Tarehe 13 Mei 1978 wapiganaji wa FNLC, wale Wakatanga waliokuwa Angola, waliingia mjini kwa kupitia Zambia. Tarehe 19 askari wa parashuti wa Jeshi la Kigeni la Ufaransa, kikosi cha 2e REP, wakaruka. Kesho yake Wabelgiji nao wakafika. Waliokufa walikuwa mamia, weusi na weupe, weusi wengi zaidi, na wazee wa mji bado huhesabu miaka kwa vita ile: huyu alizaliwa kabla, huyu alizaliwa baada. Coutard alikuwa fundi mkubwa wa kamera, ndiye aliyempigia Jean-Luc Godard À bout de souffle mwaka 1960, na vita alikuwa ameviona kwa macho yake Indochina. Lakini angalia majina makubwa ya filamu yake: Bruno Cremer, Jacques Perrin, Laurent Malet, Pierre Vaneck, Mimsy Farmer, Giuliano Gemma. Jina la huku halimo.

Gemma, Mwitaliano, anacheza adjudant Federico wa Jeshi la Kigeni. Simulizi hii ni yake kwa nusu tu. Nusu kubwa ni ya binti yake Vera, mwigizaji, ambaye Kolwezi hatujawahi kumtia akilini na ambaye sina sababu ya kudhani kwamba ametutia akilini sisi. Nilimfikia kwa kumfuatilia baba yake, na huko kumfikia kwenyewe ndiko ninakotaka kukuzungumzia. Hakuna anayemfikia Vera Gemma kwa njia nyingine.

Baba alizaliwa Roma mwaka 1938. Alikuwa kijana wa ndondi na jimnastiki, akaingia sinema kwa mlango wa nyuma, akilipwa kuanguka na kurukaruka kwa niaba ya wengine katika studio za Cinecittà. Mwenye jicho kali atamwona kidogo katika Ben-Hur ya 1959, ofisa wa Kirumi. Mwaka 1962 Duccio Tessari alimpa nafasi kubwa ya kwanza katika Arrivano i titani, na 1965 Tessari huyohuyo akamtoa na Una pistola per Ringo, kisha mwaka uleule Il ritorno di Ringo. Zilikuwa filamu za kauboi zilizotengenezwa na Waitaliano na kupigwa Hispania, na wenye mali walihofu kwamba hakuna atakayelipa kiingilio kwenda kumwona kauboi mwenye jina la Kiitaliano. Kwa hiyo kwenye maandishi ya filamu Gemma akaitwa Montgomery Wood. Shika hilo. Jina ambalo binti yake atalibeba maisha yake yote kama gunia, lilianza kwa kufichwa.

Fedha ilipoingia, jina likarudi mahali pake. Kwa muda wa miaka 20 Giuliano Gemma alikuwa mmoja wa watu wazuri wa sura waliojulikana mno Italia: meno meupe, mabega, mwendo wa mtu ambaye hajawahi kukaa juu ya kiti akachoka. Mwaka 1967 alisimama na Lee Van Cleef katika I giorni dell'ira. Mwaka 1976 Valerio Zurlini alimtia katika Il deserto dei Tartari, pamoja na Jacques Perrin yuleyule atakayekuwa balozi kwenye filamu ya Kolwezi, na hapo hata wale waliokuwa wakimwona mtu wa misuli tu walikiri kwamba anaweza kuigiza. Nje ya kamera alichonga sanamu.

Afrika iliwapenda makauboi kabla ya Waitaliano kuanza kuwatengeneza. Kinshasa ya miaka ya 1950 ilikuwa na vijana waliojiita Bills, kwa heshima ya Buffalo Bill. Mwanahistoria Didier Gondola amewaandikia kitabu kizima, Tropical Cowboys, kilichotoka 2016. Kule Niger, mwaka mmoja tu baada ya Ringo, Moustapha Alassane alipiga filamu fupi, Le retour d'un aventurier: kijana anarudi kutoka Marekani na mzigo wa nguo za kauboi, anawagawia rafiki zake, na kijiji kinageuka Texas mpaka mambo yanaharibika. Naipenda filamu hiyo kuliko Ringo zote. Kwetu Gemma hakuja na kofia ya kauboi. Alikuja na bereti ya kijani, na hata hivyo hakuja.

Vera alizaliwa Roma tarehe 26 Julai 1970. Mama yake ni Natalia Roberti. Siku ile parashuti zilipokuwa zikishuka kweli juu ya mji wetu alikuwa hajatimiza miaka 8, na baba yake aliposhuka kwa kuigiza alikuwa binti wa miaka 9 hivi, ndani ya nyumba ambayo mgeni hakuja kwa ajili ya watoto.

Waitaliano wana neno kwa mtu wa aina yake: figlio d'arte, na akiwa mwanamke, figlia d'arte. Mwana wa sanaa. Husemwa kwa heshima, kama sisi tunavyosema mtoto wa fundi, na husemwa pia kwa mkunjo wa mdomo. Kazi yake ya uigizaji, ukiipanga kwa miaka, haijazi ukurasa. Mwaka 1996 alipata nafasi ndogo ya askari polisi katika La sindrome di Stendhal ya Dario Argento, filamu ambayo mwigizaji wake mkuu ni Asia Argento, binti wa mwongozaji. Mwaka 2000 Asia akaongoza filamu yake mwenyewe, Scarlet Diva, na Vera akawamo. Hawa wawili ni marafiki wa siku nyingi, na urafiki wao una mantiki: mmoja baba yake ni Ringo, mwingine baba yake ni mfalme wa filamu za kutisha na mama yake ni mwigizaji Daria Nicolodi. Mwaka 2020 walitokea pamoja kwenye Pechino Express, shindano la televisheni la kusafiri nchi za mbali. Kila jozi ya washindani ilipewa jina. Wao waliitwa Le figlie d'arte. Yaani hata kwenye mchezo wa kuomba lifti barabarani, utambulisho wao ulikuwa wazazi. Mwaka uliofuata Vera alikuwa kwenye L'isola dei famosi, kisiwa cha watu mashuhuri, ambako umashuhuri wa baadhi ya watu ni wa kuazima na kila mtazamaji anajua ni wa nani.

Ni rahisi kumcheka. Mimi pia nilianza kwa kumcheka. Mtoto wa tajiri aliyekosa nafasi za filamu si jambo la kumkosesha usingizi mtu anayeishi karibu na mashimo ya kobalti. Kilichonibadilisha ni kwamba tabia yake niliijua. Nilikuwa nimeiona Kolwezi, kwa watu wazima wenye mvi ambao hawajawahi kukanyaga Roma.

Huku, mwana wa sanaa aliitwa mtoto wa Gécamines.

Aliyekulia kambi za Musonoi au za Luilu hahitaji maelezo, lakini wasomaji wa kwingine wanahitaji. Kampuni ya Union Minière ilipoanza shaba yake Katanga ilichukua vijana kwa mkataba mfupi na kuwarudisha kwao. Mwishoni mwa miaka ya 1920 iligundua kwamba mfanyakazi anayekaa na mke na watoto ni bora kuliko anayetoroka, ikaanza kuwaweka na familia zao kambini. Ikawapa nyumba, posho ya unga, hospitali, shule. Kolwezi yenyewe ni mtoto wa mpango huo, mji uliowekwa mwaka 1937 kwa ajili ya machimbo ya magharibi. Baada ya serikali kuitwaa kampuni mwaka 1967, jina likabadilika hadi kuwa Gécamines, lakini utaratibu ukabaki uleule. Kila kitu kilipitia kwenye namba ya kazi ya baba. Mama alipokwenda kuchukua unga, alisema namba. Mtoto alipoumwa, ilisemwa namba kabla ya kusemwa ugonjwa. Mwanafunzi wa darasa la kwanza aliweza kusahau siku aliyozaliwa lakini namba ya baba aliitoa bila kuvuta pumzi. Familia ikiongezeka, unga uliongezeka. Watu walikuwa wakisema Gécamines njo baba, Gécamines njo mama, na hawakuwa wakitania.

Mwanahistoria wa Lubumbashi, Donatien Dibwe dia Mwembu, alichapisha mwaka 2001 kitabu kuhusu familia hizi, na kichwa chake peke yake kinatosha kumkalisha mtu kitako: Bana Shaba abandonnés par leur père. Watoto wa Shaba walioachwa na baba yao. Baba huyo ni nani, mfanyakazi au kampuni? Kitabu kinaacha maneno yote mawili yasimame, na ndivyo ilivyokuwa.

Kwa sababu baba alianguka, tena kwa muda mfupi. Katikati ya miaka ya 1980 Gécamines ilikuwa ikitoa zaidi ya tani 400,000 za shaba kwa mwaka. Septemba 1990 sehemu ya katikati ya mgodi wa Kamoto, hapa hapa kwetu, ilibomoka. Mwaka mzima wa 1994 ulitoa tani zisizofika 40,000. Katikati ya hapo, 1992 na 1993, watu wenye asili ya Kasai walifukuzwa Likasi na Kolwezi, wakalala vituoni wakingoja treni, na wengi wao walikuwa wamezaliwa huku, hawaijui Kasai. Hapo jina la baba lililokuwa likifungua mlango wa hospitali likawa ndilo linalokutoa nyumbani. Mwaka 2003 ikaja operesheni iliyoitwa ya kuondoka kwa hiari: wafanyakazi zaidi ya 10,000 walipewa fedha mara moja, basi, kwaheri. Hiari hiyo kila mtu anaijua ilivyokuwa.

Watoto wao ndio niliowaona nikijifunza kumtambua Vera. Mtu ana miaka 50, bado anajitambulisha kwa cheo cha marehemu baba yake, agent de maîtrise wa Luilu, mwenye nyumba yenye bafu la ndani. Anasema Kifaransa kizuri alichokipata kwenye shule ya kampuni. Anaambiwa na vijana kwamba hakujifunza kuhangaika, kwa kuwa aliletewa. Na anapohangaika kweli, akishuka shimoni na wachimbaji wadogo, anaambiwa anajishusha hadhi. Mwaka 2014 pale Kasulo kobalti ilionekana chini ya nyumba za watu, na mtaa mzima ukaanza kuchimba vyumbani na uani. Walikuwamo watoto wa Gécamines. Sijawahi kuona mfano mkali zaidi wa urithi: kuvunja sakafu ya nyumba ili ulichimbe lililo chini yake.

Giuliano Gemma alikufa tarehe 1 Oktoba 2013, kwa ajali ya gari karibu na Cerveteri, kaskazini-magharibi ya Roma. Mwaka mmoja nyuma yake alikuwa ameonekana kidogo kwenye To Rome with Love ya Woody Allen. Vera alikuwa na miaka 43.

Miaka tisa baadaye ikatoka filamu yenye jina lake, Vera. Waongozaji ni wawili, Tizza Covi wa Bolzano na Rainer Frimmel wa Vienna, wote wamezaliwa 1971, watu wa ajabu kidogo katika zama hizi. Hawana msafara wa malori. Mmoja anashika kamera, mwingine anashika sauti, na bado wanapiga kwa mkanda wa filamu, milimita 16. Hawaajiri nyota kucheza watu wa kawaida. Wanawaendea watu wa sarakasi, wa mitaani, wa pembezoni, na kuwaomba wawe wenyewe ndani ya hadithi iliyotungwa. La pivellina ya 2009 na Mister Universo ya 2016 zilitengenezwa hivyo. Safari hii aliyekuwa pembezoni alikuwa mwanamke wa mjini, mwenye nyumba nzuri na dereva, lakini waligundua, nadhani kwa jicho lilelile la sarakasi, kwamba naye ni mtu wa maonyesho aliyebaki hemani baada ya wanyama kuuzwa.

Vera wa kwenye filamu ni Vera. Anaitwa hivyo, anavaa kofia pana ya kauboi, ana dada anayeitwa Giuliana kama alivyo naye kweli, ana rafiki anayeitwa Asia. Siku moja gari lake, likiendeshwa na dereva wake Walter, linagongana na pikipiki kwenye mtaa wa maskini nje kidogo ya jiji. Juu ya pikipiki yupo baba mmoja, Daniel, na mwanawe mdogo, Manuel, ambaye anaumia. Vera angeweza kutoa fedha akaondoka. Anarudi. Anarudi tena. Anamzoea mtoto, anaizoea nyumba, kwa muda anaonekana kama mtu aliyepata mahali ambapo hakuna anayemuuliza habari za Ringo. Kisha anakuja kutambua kwamba huko nako ametumiwa.

Sitasimulia zaidi, ila nisimame kwenye makaburi. Roma ina makaburi ya wasio Wakatoliki, karibu na piramidi ya Cestius, ambako wamezikwa washairi wa Kiingereza Keats na Shelley. Katika filamu Vera na Asia wanakwenda pale, wanasimama mbele ya jiwe moja. Juu yake kuna sura ya mwanamume iliyochongwa na Thorvaldsen, na chini yake maandishi ya Kilatini. Aliyezikwa ni August von Goethe, aliyekufa Roma mwaka 1830 akiwa na miaka 40, wakati baba yake, mshairi mkuu wa Wajerumani, bado yuko hai. Maandishi yalitungwa na baba mwenyewe. Yanaanza na neno Goethe, yanafuata na neno filius, mwana, yanasema alimtangulia baba yake, yanataja umri na mwaka. Jina August halipo. Ukipita pale bila kuelezwa, huwezi kujua marehemu aliitwaje. Utajua tu alikuwa wa nani.

Mabinti wawili wamesimama wanasoma hilo. Mwandishi wa kubuni angeonekana amezidisha. Lakini jiwe liko pale, na wao ni wao.

Tarehe 10 Septemba 2022, kwenye tamasha la 79 la Venezia, katika kundi la Orizzonti, Covi na Frimmel walipewa tuzo ya uongozaji bora, na Vera Gemma, mwenye umri wa miaka 52, akapewa tuzo ya mwigizaji bora wa kike. Baadaye Austria iliichagua filamu hiyo kuiwakilisha kwenye Oscar. Wako waliouliza, na swali lina haki yake, vipi mtu apewe tuzo ya kuigiza kwa kuwa yeye mwenyewe. Ninaowajua waliowahi kusimama mbele ya kamera ya mtu mwingine, hata ile ya harusi, hawaulizi hivyo. Kuwa mwenyewe huku mtu amekuelekezea taa ndiko kugumu. Na yeye alikuwa na kazi ya ziada: alimcheza mwanamke anayechekwa, akijua ndiye anayechekwa, na hakumpamba.

Ninapowasimulia watu haya hapa mjini, huniuliza kama kwetu Afrika ya Waswahili hakuna familia za filamu. Zipo, na njia yao ni nyingine. Malori yanayotoka bandari ya Dar es Salaam hupitia Tunduma, Zambia na Kasumbalesa mpaka yafike kupakia shaba na kobalti yetu, na filamu za Bongo nazo zimetufikia, tukaelewa maneno yote na kucheka lafudhi. Huko yuko Natasha, ambaye kwa vyeti ni Susan Lewis, mwigizaji. Binti yake ni Monalisa, kwa vyeti Yvonne Cherrie, aliyeng'aa mwanzoni mwa miaka ya 2000 na Girlfriend, mojawapo ya filamu zilizoifungulia njia Bongo movie, iliyoongozwa na George Tyson, baba wa mwanawe. Na huyo mtoto, Sonia, naye akaingia kwenye uigizaji. Vizazi vitatu, mstari wa mama. Kinachonifurahisha ni majina. Natasha si jina la ukoo. Monalisa si jina la ukoo. Kila mmoja alijipa lake, kazini, akalifanyia kazi mpaka likashika. Kisha Sonia akaja akajulikana kama Sonia Monalisa: amechukua jina ambalo mama yake alijiundia. Urithi ni urithi, lakini hapa mrithi alimkuta mwenye mali yuko jikoni, bado anapika. Dar es Salaam hapakuwa na Cinecittà ya kumfanya mzazi awe sanamu. Walipiga picha majumbani mwa watu, sebule ileile katika filamu tatu, na mama na binti waligombea malipo yaleyale madogo.

Na Kolwezi? Baada ya ile ya Guyana, tumepata filamu yetu, ingawa aliyeipiga ni Mfaransa. Inaitwa Makala. Msomaji wa Tanzania atadhani ni ya magazetini. Sisi huita makala kile wanachokiita mkaa. Emmanuel Gras aliipeleka Cannes mwaka 2017, kwenye Wiki ya Wahakiki, ikatoka na tuzo kuu. Ndani yake Kabwita Kasongo, kijana wa kijiji cha Walemba, anakata mti mkubwa, anauchoma taratibu chini ya udongo, anapakia magunia juu ya baiskeli mpaka baiskeli haionekani, kisha anaisukuma kilomita 50 hivi kuja kuuza mjini kwetu. Haipandi. Anaisukuma kutoka ubavuni, mwili umelala juu ya mzigo, vumbi la malori linampita, na kwa dakika nyingi hakuna kinachotokea ila hicho. Barabara ni ile ile tunayoijua. Udongo ni mwekundu. Miti ni yetu.

Mke wake, Lydie, anabaki kijijini na watoto. Ndoto yao ni nyumba, na bei ya mabati ndiyo inayoamua kila kitu. Yumo kwenye filamu kwa muda mfupi kuliko mumewe, akiongea Kiswahili kile tunachoongea sokoni, na kila anapoonekana ninakaa vizuri kwenye kiti. Naye, kama Vera, yuko mbele ya kamera kwa jina lake mwenyewe. Hakufundishwa uigizaji na hakuna baba yake aliyetajwa kwenye bango. Ukiniuliza ni nani mwigizaji wa kike wa Kolwezi, wakati bango la 1980 lina mwanamke mmoja Mmarekani aliyepigwa picha Guyana, nitamtaja Lydie, na nitakuwa tayari kubishana na yeyote.

Kuna jambo moja la huku ambalo Vera na Asia, pale mbele ya jiwe la Goethe, wasingeweza kulijua. Mtu wa Kolwezi akishapata mtoto, jina lake la kuzaliwa huanza kukaa kwenye makaratasi tu, pamoja na namba ya kazi. Majirani humwita kwa mtoto wake. Mama fulani, Papa fulani. Unaweza kukaa na mtu mlango kwa mlango miaka kumi, mkaazimana chumvi na mwichi, mkazikana, na usijue aliitwaje kabla. Yule bwana wa Roma, mwenye meno meupe na bereti ya kijani, angepangiwa nyumba kambini pamoja na mke na mabinti zake, wangemjua kwa muda gani kama Ringo? Wiki mbili, labda. Mpaka siku binti atakapotumwa nyumba ya pili kuomba moto. Tangu hapo angekuwa Papa Vera.